Faili Haionekani

Nilikuwa kwa stage ya boda hapa Amalemba jioni moja wakati karao wawili walimshika kijana tunayemjua wote. Kosa lenyewe halikuwa wazi. Mmoja alisema ni kelele, mwenzake akasema ni bangi, lakini hiyo bangi hakuna aliyeiona. Kijana akainua mikono juu kama wanavyofanya kwa movie, halafu akawaambia kwa Kiingereza cha puani kwamba ana haki ya kunyamaza na ana haki ya kuwa na wakili. Karao mmoja alicheka mpaka akashika kiuno. "Hiyo ni ya Marekani," akamwambia. "Hapa ni Kakamega. Panda gari."

Stage nzima ilicheka. Mimi pia nilicheka, na ndiyo maana naandika haya.

Nilipofika kwa nyumba nilifungua Katiba ya 2010 kwa simu. Kifungu cha 49 kinasema mtu akikamatwa ni lazima aambiwe mara moja, kwa lugha anayoielewa, sababu ya kukamatwa kwake, kwamba ana haki ya kunyamaza, na kitakachofuata asiponyamaza. Kinasema pia ana haki ya kuwasiliana na wakili. Kwa hivyo kijana alikuwa sahihi, karao alikosea, na sisi tuliocheka tulikosea pia. Lakini hata usahihi wa kijana ulikuwa wa kubahatisha. Haki yake ni ya hapa nyumbani, yeye akaijulia Hollywood.

Swali lililonikaa kichwani ni hili: ilikuwaje tukazijua korti za Marekani kuliko zetu?

Jibu rahisi ni filamu. Lakini nyuma ya filamu kuna vitabu, na nyuma ya vitabu kuna faili. Chukua hayo maneno ya kunyamaza. Yalitokana na mtu anayeitwa Ernesto Miranda, aliyekamatwa Phoenix, Arizona, mwaka wa 1963. Polisi walimhoji kwa kama masaa mawili bila kumwambia kwamba anaweza kunyamaza, akakiri, akatia sahihi. Mwaka wa 1966 Mahakama ya Juu ya Marekani ikasema, kwa kura tano dhidi ya nne, kwamba ungamo la namna hiyo haliwezi kutumika. Miranda hakuwa malaika. Kesi ilisikizwa upya bila lile ungamo na bado akapatikana na hatia. Baadaye, 1976, alidungwa kisu kwa baa akafa. Tunayajua haya yote kwa sababu kila hatua iliandikwa, na mtu wa kawaida akaruhusiwa kuisoma.

Au chukua Clarence Earl Gideon. Huyu alikuwa mzee wa kuhangaika, hana pesa, akashtakiwa 1961 kwamba alivunja ukumbi wa kuchezea pool kule Panama City, Florida. Aliomba korti impe wakili. Jaji akamwambia sheria ya Florida inatoa wakili wa bure kwa kesi za kunyongwa tu. Gideon akajitetea mwenyewe, akashindwa, akapigwa miaka mitano. Akiwa jela alisoma sheria peke yake, akaandikia Mahakama ya Juu barua kwa penseli. Mwaka wa 1963 mahakama hiyo ikaamua kwamba maskini anayeshtakiwa kwa kosa kubwa lazima apewe wakili. Kesi ikarudiwa, safari hii akiwa na wakili, na wazee wa baraza wakamwachilia. Mwandishi wa gazeti, Anthony Lewis, aliandika kitabu kuhusu kesi hiyo, Gideon's Trumpet, kikatoka 1964. Mimi mwenyewe niliacha chuo kabla ya kumaliza, kwa hivyo elimu yangu ya sheria ni ya aina ya Gideon. Kitabu hicho nilikipenda kwa sababu shujaa wake ni karatasi. Bila ile barua ya penseli, na bila karani aliyeipokea badala ya kuitupa, hakuna kisa.

Sasa geuka huku kwetu. Ukiuliza vijana kumi wa mtaa wetu kitabu cha uhalifu cha Kenya, kama wanajua kimoja ni My Life in Crime cha John Kiriamiti. Ni haki yake. Kiriamiti alikuwa mwizi wa benki kweli, akahukumiwa miaka 20 mwaka wa 1971, akaandika akiwa ndani, na kitabu kikatoka 1984. Kimezunguka mashuleni mpaka leo, nakala nyingine hazina gamba. Lakini hicho ni kisa cha mwizi akijieleza mwenyewe. Vitabu vya korti zetu, vya kesi zilizoijenga au kuiharibu nchi hii, vipo. Ni vile tu havikuingia kwa filamu. Na ukivisoma utagundua vingi vinapigania kitu kimoja, ambacho Mkenya yeyote aliyewahi kuwa na kesi anakijua: faili iko wapi?

Kabla sijafika huko, kuna Mmarekani mmoja anayeunganisha rafu hizi mbili. Thurgood Marshall ndiye wakili mweusi aliyeshinda kesi ya 1954 iliyoharamisha kutenganisha watoto wa shule kwa rangi huko Marekani. Baadaye, 1967, akawa jaji mweusi wa kwanza wa Mahakama ya Juu ya nchi yao. Katikati ya hayo mawili alikuja Kenya. Tom Mboya alimwalika awe mshauri wa wajumbe wa Kiafrika kwenye mkutano wa katiba wa Lancaster House, London, mwanzoni mwa 1960. Mwanahistoria Mary Dudziak ameandika kitabu kizima juu ya safari hiyo, Exporting American Dreams, cha 2008. Anasimulia kwamba Marshall alipofika Kiambu, serikali ya mkoloni ilimkataza kuhutubia mkutano. Akaomba aseme neno moja tu la salamu. Akapanda juu ya gari na kupaza sauti: "Uhuru!" Watu wakalipuka kwa shangwe.

Kule London, Marshall aliandika rasimu ya haki za binadamu kwa ajili ya Kenya. Kinachoshangaza ni nani aliyekuwa akimlinda. Nyumbani kwao alikuwa akitetea weusi walio wachache dhidi ya weupe walio wengi. Huku kwetu walio wachache walikuwa Wazungu na Wahindi, na rasimu yake ikawalinda hao, pamoja na mali yao. Hakubadilisha msimamo: sheria ni ya kumlinda aliye mdogo mbele ya mwenye nguvu, hata kama jana huyo mdogo ndiye alikuwa bwana. Unaweza kubishana na hilo, hasa ukifikiria jinsi ile mali ilivyopatikana. Cha muhimu ni kwamba unaweza kubishana nalo, kwa sababu rasimu ipo na mtu ameisoma.

Miaka saba kabla ya Marshall kupanda juu ya gari, Kenya ilikuwa na kesi ambayo hakuna aliyetaka isomwe vizuri. Oktoba 1952 serikali ilitangaza hali ya hatari na kumkamata Jomo Kenyatta usiku huohuo. Pamoja naye walishtakiwa Paul Ngei, Bildad Kaggia, Fred Kubai, Kung'u Karumba na Achieng Oneko, kwamba ndio wanaosimamia Mau Mau. Kesi haikufanyiwa Nairobi. Ilipelekwa Kapenguria, kule Pokot Magharibi, mahali ambapo wakati huo kulikuwa hakuna reli wala hoteli, na mgeni alihitaji kibali kuingia. Mawakili walilala Kitale wakawa wanasafiri kwenda na kurudi. Ni sisi watu wa magharibi tunaoweza kuelewa ujanja huo bila kuelezwa. Ukitaka kesi isihudhuriwe, ipeleke mwisho wa barabara.

Wakili mkuu wa utetezi alikuwa D. N. Pritt, Mwingereza, na pamoja naye walikuwa mawakili wa Kihindi wa Kenya kina Achhroo Kapila na Fitz de Souza, Mjamaika Dudley Thompson na Mnigeria H. O. Davies. Jaji alikuwa Ransley Thacker, aliyekuwa amestaafu kisha akarudishwa kwa kazi hii. Mkalimani wa kwanza alikuwa Louis Leakey, yule mtaalamu wa mifupa ya kale, ambaye alikuwa ameshaandika kupinga Mau Mau. Utetezi ulilalamika kwamba mtu mwenye upande hawezi kutafsiri, na mwishowe akajiondoa. Simama hapo kidogo. Mshtakiwa au shahidi anasema Kikuyu, jaji anaandika Kiingereza, na katikati kuna mtu mmoja ambaye neno lake ndilo litakuwa kumbukumbu. Anayeshika lugha ndiye anayeshika faili.

Shahidi muhimu wa serikali aliitwa Rawson Macharia. Alisema aliona kwa macho yake Kenyatta akilisha watu kiapo mwaka wa 1950. Tarehe 8 Aprili 1953 Thacker aliwahukumu wote sita miaka saba na kazi ngumu. Wanahistoria wameandika kwamba jaji huyo alilipwa pauni 20,000 na serikali. Macharia naye aliahidiwa masomo Uingereza, na kweli akapelekwa. Rufaa ya Oneko ilikubaliwa baadaye, lakini hakwenda nyumbani. Akawekwa kizuizini tu.

Halafu 1958 Macharia akaandika hati ya kiapo akisema alidanganya Kapenguria, yeye na wenzake walinunuliwa. Unadhani serikali ilifanya nini? Ilimshtaki. Si kwa uongo wa Kapenguria. Ilimshtaki kwa hiyo hati iliyosema alidanganya, ikamfunga. Yaani kortini uongo wake ulibaki kuwa ukweli, na ukweli wake ukawa kosa.

Ndipo vitabu vinapoingia. Mwandishi Mwingereza Montagu Slater alitoa The Trial of Jomo Kenyatta mwaka wa 1955, Kenyatta akiwa bado jela, akitumia kumbukumbu za kesi yenyewe. Na mwaka wa 1991, akiwa mzee, Rawson Macharia akaandika chake, The Truth about the Trial of Jomo Kenyatta. Sijui vitabu vingi duniani ambamo shahidi wa uongo anarudi kizimbani kwa hiari yake, miaka karibu 40 baadaye, akiwa na kalamu. Ukivisoma viwili hivi sambamba unaona kitu ambacho filamu za Marekani hazikufundishi: hukumu inaweza kufungwa na kesi ikabaki wazi.

Ya Kimathi ni nzito zaidi. Dedan Kimathi alipigwa risasi na kukamatwa karibu na Nyeri tarehe 21 Oktoba 1956. Kesi yake ilianza Novemba, mbele ya Jaji Mkuu Kenneth O'Connor, na wazee watatu Waafrika wakikaa kama washauri wa jaji. Mtu akisema "kesi ya Kimathi" unafikiria uhaini, vita, msitu, ardhi. Hapana. Alishtakiwa kwa kuwa na bastola na risasi bila kibali. Chini ya sheria za hali ya hatari, hiyo peke yake ilitosha kukunyonga. Kimathi aliiambia korti kwamba alikuwa anatoka msituni kujisalimisha. Hawakumwamini. Ndani ya siku chache alihukumiwa kifo, rufaa zikatupwa hapa na London, na tarehe 18 Februari 1957 akanyongwa Kamiti. Mpaka leo kaburi lake halina alama, na familia haijapewa mwili.

Mwanahistoria David Anderson, kwenye Histories of the Hanged cha 2005, alikaa chini na mafaili ya kesi za Mau Mau na kuhesabu. Watu 1,090 walinyongwa. Hakuna mahali pengine kwenye himaya ya Uingereza ya karne hiyo ambapo serikali ilinyonga watu kwa wingi namna hiyo kwa vita vya kupinga mkoloni. Na kila mmoja wao alipitia korti, akiwa na jaji, wigi na muhuri. Ndiyo sababu sipendi mtu akisema mkoloni aliua "bila sheria". Mara nyingi aliua kwa sheria, na akaweka nakala.

Nakala ya Kimathi ndiyo ilisumbua. Kwa miaka mingi Wakenya walizungumza juu ya kesi hiyo bila kusoma kilichosemwa ndani yake. Ngũgĩ wa Thiong'o na Mĩcere Gĩthae Mũgo walipoandika tamthilia yao ya 1976, The Trial of Dedan Kimathi, walijenga korti ya kwao, korti ambamo Kimathi anawahukumu wanaomhukumu. Ilitafsiriwa kwa Kiswahili ikaitwa Mzalendo Kimathi. Wengine waliwalaumu kwamba hiyo si historia. Lakini kama huna faili utafanya nini? Utakaa kimya kama karani anavyotaka, ama utatunga.

Mwaka wa 2017 faili ikatoka. Julie MacArthur alihariri Dedan Kimathi on Trial, kitabu kilichochapisha kumbukumbu za kesi kutoka mwanzo hadi mwisho, pamoja na insha za wasomi. Ngũgĩ na Mĩcere ndio walioandika dibaji, na Willy Mutunga, aliyekuwa Jaji Mkuu wetu hadi 2016, akaandika utangulizi. Fikiria hiyo safu: Jaji Mkuu wa kikoloni alifunga faili, Jaji Mkuu wa Kenya huru akaandika maneno ya kuifungulia. Na kwa taarifa ya watu wa Kakamega, huyu MacArthur ndiye aliyeandika pia kitabu cha jinsi sisi Waluhya tulivyogeuka kuwa kabila moja kupitia ramani na siasa. Kwa hivyo msituwekee Kimathi kama kisa cha Nyeri tu.

Ukisoma kumbukumbu hizo, Kimathi si yule wa sanamu pale Nairobi. Ni mtu aliye na jeraha la risasi, anayejibu maswali, anajitetea, wakati mwingine anajikanyaga. Kuna waliovunjika moyo. Mimi nilimpenda zaidi. Sanamu haiwezi kunyongwa.

Hapa sasa nifike kwa jambo lililonifanya niache kuona vitabu hivi kama vya kupitisha wakati. Mwaka wa 2009 Wakenya watano wazee, kati yao Ndiku Mutua, Paulo Nzili, Wambugu Nyingi na Jane Muthoni Mara, waliishtaki serikali ya Uingereza mjini London kwa mateso waliyofanyiwa kambini miaka ya hamsini. Wanahistoria watatu walisimama upande wao kama wataalamu: David Anderson, Caroline Elkins na Huw Bennett. Elkins alikuwa ameandika Imperial Reckoning juu ya kambi hizo, na kitabu kikashinda tuzo ya Pulitzer mwaka wa 2006. Wasomi wenzake wengine walikuwa wamemkosoa vikali kwamba anategemea sana masimulizi ya wazee. Yaani, kwa lugha ya stage: leta karatasi.

Karatasi zilipatikana. Mwaka wa 2011 serikali ya Uingereza ilikubali kwamba ina hazina ya siri pale Hanslope Park. Humo mlikuwa na mafaili yapatayo 1,500 ya Kenya, yaliyosombwa kwa ndege wakati wa uhuru ili serikali ijayo isiyaone. Ya makoloni yote 37 yalikuwa karibu 8,800. Mengine mengi yalikuwa yamechomwa. Tukumbuke tu: wakati Kenyatta anapokea bendera Desemba 1963, kumbukumbu za nchi anayokabidhiwa zilikuwa zimeshafungwa kwa masanduku.

Uingereza ilijitetea kwamba muda umepita, mashahidi wamekufa, kesi haiwezi kusikizwa kwa haki. Oktoba 2012 Jaji McCombe alikataa. Sababu yake moja kubwa ni kwamba maandishi yaliyobaki ni mengi mno, na wanahistoria wameyachambua, hivyo haki bado inawezekana. Juni 2013 Uingereza ikakubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa wazee 5,228 na kusema inasikitika. Ukigawanya si pesa nyingi. Lakini kitabu kilikuwa kimerudi kortini na kushinda.

Lakini usishangilie haraka. Kesi nyingine ilikuja nyuma yake, ya zaidi ya watu 40,000, ikibeba jina la Kimathi, kwa sababu aliyekuwa wa kwanza kwenye orodha alikuwa mjane wake. Mwaka wa 2018 jaji mwingine aliitupa, akisema muda umepita mno. Dhuluma za aina ileile, mkoloni yuleyule. Wa kwanza walifika wakiwa wachache, na karatasi zao mkononi. Wa pili walifika wakiwa wengi, na saa ikawafungia mlango.

Na sisi wa Kakamega? Tuna faili zetu. Mwaka wa 1930 mkoloni alitunga sheria ya ardhi za wenyeji, akaahidi kwamba ardhi ya Waafrika ni yao milele, na kipande kikichukuliwa kitafidiwa kwa ardhi nyingine. Mwaka uliofuata dhahabu ikapatikana Kakamega. Kufikia Desemba 1932 sheria ikabadilishwa mbiombio ili ardhi ichukuliwe na mwenyewe apewe pesa. Ile ahadi ya milele ilidumu miaka miwili. Mgodi wa Rosterman ulichimbwa mpaka 1952, na jina limebaki, watu wanapanga nyumba huko. Tume ya Carter ilikuja kusikiliza wazee wa North Kavirondo kuhusu ardhi, na maneno yao yakachapishwa 1934, kwa Kiingereza bila shaka.

Elijah Masinde pia ana faili. Huyu wa Dini ya Msambwa, mchezaji mpira hodari wa zamani, alipowasumbua sana wakoloni walimpeleka Mathari 1945, kwa wagonjwa wa akili, akakaa mpaka 1947. Februari 1948 polisi waliwapiga risasi wafuasi wake Malakisi, watu 11 wakafa. Dini ikapigwa marufuku, yeye akapelekwa Lamu zaidi ya miaka kumi. Baada ya uhuru serikali yetu wenyewe ilimfunga tena. Audrey Wipper aliandika juu yake kwenye Rural Rebels mwaka wa 1977. Mkoloni aliposhindwa kumjibu kwa sheria, alimwita kichaa. Hilo nalo ni somo la sheria, na hulifundishwi na Netflix.

Kukhu wangu alikuwa akisema baba yake alifungwa miezi mitatu wakati wa dhahabu. Mjomba mmoja anasema ni kwa kukataa kuhama. Mwingine anasema ni kwa kumtusi Mzungu wa mgodi. Wa tatu anasema mzee aliiba tu, tuache kujipamba. Nilienda ofisi moja kutafuta faili. Karani aliandika jina kwa karatasi, akaingia ndani, akatoka baada ya nusu saa. "Haionekani," akaniambia. Hakusema haipo, kwamba ilichomwa, au kwamba haikuwahi kuandikwa. Haionekani. Mpaka leo katika familia yetu mzee huyo ni shujaa, mkorofi na mwizi kwa wakati mmoja, kulingana na unakula Krismasi kwa nani.

Yule kijana wa stage aliachiliwa usiku uleule. Nilimuuliza alishtakiwa na nini. Hakujua. Aliandikwa kwa OB? Hapana. Kulikuwa na risiti? Alinicheka, kama nilivyomcheka yeye. Mamake alituma elfu mbili kwa simu, mlango ukafunguliwa. Kwa hivyo kwa serikali ya Kenya, jioni ile haikutokea. Miaka 50 ijayo, mwanahistoria akija kutafuta jinsi vijana wa Amalemba walivyoishi na polisi, hatapata hata faili ya kuambiwa haionekani.

Wamarekani hawatushindi kwa korti safi. Gideon alifungwa kwa sababu ya umaskini, na jela zao bado zimejaa watu wa rangi yangu. Wanatushinda kwa kitu kidogo: kisa kikitokea, mara nyingi kuna karatasi, na mtu anaweza kuiitisha, akaandika kitabu. Sisi tunaanza na kitu kidogo zaidi. Ukishikwa, nyamaza kama Katiba inavyokuruhusu, kisha fungua mdomo mara moja tu: omba nambari ya OB. Iandike. Mtumie mtu.